Vocha ya PS3: "Dola ni dola, dada"

Naanza na hukumu ili mwenye haraka aende zake: duka lile la Kariakoo nalipatia nyota moja, na hiyo moja ni kwa sababu sifuri haipo. Jina silitaji. Wenyewe watajijua, na yule kijana wa kaunta atajijua mapema zaidi.

Mimi nina PS3, yaani PlayStation 3, mashine ya gemu ya Sony. Ndiyo, hiyo hiyo ya zamani. Wapo wanaoshangaa mtu mzima, tena mwanamke mwenye majukumu yake, akitoka kazini anakaa sebuleni na padi mkononi. Wenzangu wana tamthilia za Kituruki, mimi nina hii. Na yangu si ile iliyofunguliwa na fundi ikajazwa gemu arobaini za bure. Haijaguswa, gemu nanunua. Huko kununua ndiko kunakotutoa roho.

Kwa asiyejua: Tanzania haimo kwenye orodha ya nchi unazochagua unapofungua akaunti ya PlayStation. Kenya haimo. Afrika Kusini imo, Oman imo, Falme za Kiarabu zimo. Sisi wengine tunajiandikisha kama wakazi wa kwa watu. Mei 2024 Sony ilipotaka wanaocheza gemu ya Helldivers 2 kwenye kompyuta waunganishe akaunti hizo, ilibainika kwamba nchi zaidi ya 100 hazimo kwenye orodha. Wachezaji wakapiga kelele mpaka kampuni ikaghairi. Nilisoma habari ile nikacheka peke yangu. Karibuni, jamani, sisi tumo humu siku nyingi.

Akaunti yangu ni ya Marekani, na nchi ukishaiandika haibadilishwi. Kisha tangu Oktoba 2021 huwezi kulipa kwa kadi ya benki wala PayPal ukiwa kwenye PS3 yenyewe. Inatakiwa akaunti iwe na salio tayari, na kwa mtu wa Kimara mwenye kadi ya benki ya hapa hapa, salio maana yake ni vocha. Vocha ya Marekani kwa akaunti ya Marekani, ya Uingereza kwa ya Uingereza. Hakuna kuchanganya.

Sasa sikilizeni.

Nilikuwa naitaka gemu ya Tokyo Jungle. Marekani na Ulaya haikutoka kwa diski, ilikuja kwa kupakua tu, kwa hiyo uzunguke Kariakoo nzima huipati kwenye makasha ya mitumba. Na haraka nilikuwa nayo. Machi 2021 Sony ilitangaza kwamba duka la mtandaoni la PS3 linafungwa, mwezi uliofuata ikabadili mawazo, lakini tangu siku hiyo mimi siliamini tena. Nintendo walifunga la mashine zao za 3DS na Wii U Machi 2023. La Xbox 360 likafungwa Julai 2024. La PS3 hadi naandika hapa lipo, ila mwenye akili ananunua mapema.

Nikaandika WhatsApp kwa lile duka, herufi kwa herufi: "Habari, naomba vocha ya PlayStation ya dola 20, ya MAREKANI." Marekani kwa herufi kubwa. Jibu: "Ipo." Nikalipa kwa simu, elfu sitini na ushee, na haikupita muda nikaletewa picha. Hapo niwape haki yao, hawakunichelewesha. Picha yenyewe lakini ilikuwa imekatwa juu na chini, zimebaki zile herufi na tarakimu 12 peke yake, kama picha ya pasipoti iliyokatwa kichwa.

Nikawasha mashine. Nikaingia kwa lile neno la siri la pembeni, maana ukishaweka ulinzi wa hatua mbili kwenye akaunti, PS3 haina pa kuandika namba zinazotumwa kwenye simu. Unatengeneza neno la siri maalumu kwenye tovuti ya akaunti, unaliandika hilo kwenye mashine. Hilo nalijua, nimelizoea, silalamiki. Nikachomeka na kibodi ya USB, kwani PS3 inaipokea, na kuchagua herufi moja moja kwa padi ni adhabu. (Ambao hamkujua hili la kibodi, miaka yote mmeteseka bure.) Nikaandika vocha. Ikakataliwa.

Nikarudia taratibu. Ikakataliwa. Nikajaribu kwenye tovuti kwa simu, maana salio la akaunti ni lile lile popote utakapoliingizia. Ikakataliwa na huko. Hapo nikajua mashine haina kosa, ingawa nilikuwa nimeshaitukana vya kutosha. Kumbe bibi wa watu, PS3 yangu, alikuwa anasema ukweli.

Nikapiga simu dukani. Kijana kapokea. Nikamweleza vizuri kabisa, kwa adabu, kwamba vocha inakataliwa, nadhani si ya Marekani. Unajua alinijibu nini?

"Dada, mpe simu mwenye mashine."

Nikamwambia mwenye mashine ndiye anayezungumza. Kimya. Kisha, sauti imelainika kama mtu anayeongea na mgonjwa: "Basi kama mtoto yupo karibu, mpe nimwelekeze."

Mtoto! Mimi huyu niliyekuwa nacheza tangu wakati wa PS1 kwenye kibanda cha mtaani kwetu, ambapo tulikuwa tunalipa kwa mechi na wavulana wanakimbia kiti wakiona nimeingia. Nikakata simu kabla sijasema ambayo ningeyajutia. Vocha yenyewe nilikuwa naweza kuisamehe. Biashara ina makosa, mtu anachanganya karatasi, yanatokea. Hilo la "mpe simu mwenye mashine" bado liko hapa kooni.

Kesho yake, au siku iliyofuata, nikapanda mwendokasi hadi Gerezani. Joto lile la Kariakoo, mikokoteni, watu wa mabegi ya jumla wanakupita kama hawakuoni. Nafika, yule yule kijana. Ukutani nyuma yake kuna karatasi ya bei: dola 10, dola 20, dola 50. Nchi haijaandikwa popote. Nikamwonyesha ujumbe wangu, neno MAREKANI limesimama pale. Akautazama, akatazama simu yake, akasema kwa utulivu wa ajabu:

"Dola ni dola, dada."

Hapa niwafundishe jambo, kwa sababu najua wengi mtaangukia shimo hilo hilo. Duka la PlayStation la Falme za Kiarabu linauza kwa dola za Marekani. Bei zao si za dirhamu. Kwa hiyo vocha ya Dubai nayo inaandikwa dola 20, inafanana na ya Marekani, ila inaingia kwenye akaunti ya Falme za Kiarabu peke yake. Oman, Saudia na Kuwait nao maduka yao ni ya dola, kila mmoja na vocha yake. Na mzigo wa Kariakoo unatoka wapi? Sihitaji kuwaambia. Mtu analeta simu, chaja na vioo vya simu kutoka Dubai, na vocha humo humo. Ndiyo maana nataka picha nzima. Sehemu iliyokatwa ndiyo yenye jina la nchi.

Nikamwambia anionyeshe picha ambayo haijakatwa. Akasema imeshafutwa. Nikamwambia basi nirudishie hela. Akasema vocha ikishatumwa hairudi, pengine mimi nimeshaitumia. Yaani sasa nimekuwa mwizi pia! Sauti yangu ikapanda, sikatai. Wateja wawili waliokuwa wanachagua kava za simu wakaacha kuchagua.

Kumbe mwenye duka yupo nyuma ya pazia anakula. Akatoka, mzee wa makamo, kofia, kanzu. Nikamwamkia shikamoo, akaitika marahaba mwanangu, kuna nini. Nikamweleza. Hakuniuliza mwenye mashine ni nani. Aliuliza swali moja tu: "Akaunti yako ya wapi?" Jamani, swali hilo hilo moja, kijana angelitaja kwenye WhatsApp wala nisingepanda basi.

Mzee akachukua simu yake, akafungua akaunti yake mwenyewe, ya Dubai, akaandika zile namba zangu huku nikimsomea. Zikakubali pale pale. Salio la dola 20 likaonekana. Akamgeukia kijana, hakusema neno, akamtazama tu. Kisha akavuta droo akatoa kadi ya Marekani, ya kukwangua, ina jina la nchi nyuma. Nikamwambia kwa heshima kwamba sitoki hapa mpaka niione imeingia. Akacheka, akanisogezea stuli. Nikaingiza kwa simu yangu pale kaunta. Imeingia.

Hapo moyo ukalainika, nikaanza kuhesabu nyota upya. Mbili. Hapana, tatu, kwa ajili ya mzee: amesikiliza, amejaribu mwenyewe kwa akaunti yake, hakunizungusha. Maduka mangapi mjini hapa ukirudi na tatizo unaambiwa njoo kesho? Nilikuwa tayari kuandika sifa.

Ndipo mzee akasema, kwa upole wote, kwamba ya Marekani ina bei zaidi kidogo, niongeze elfu tatu.

Elfu tatu si hela ya kugombana. Lakini niongeze kwa lipi? Mimi niliagiza ya Marekani tangu mwanzo, nikatajiwa bei, nikalipa bei hiyo. Tofauti ni ya kijana na bosi wake, haikunihusu. Na nauli yangu? Nikazitoa, kwa sababu nilikuwa nimechoka na kwa sababu yule ni mzee, na kwetu mzee hubishani naye mbele za watu kwa elfu tatu. Lakini nyota moja imerudi mfukoni kwangu. Zimebaki mbili.

Nikiwa mlangoni, kijana akaniaga: "Karibu tena dada. Msalimie mwenye mashine."

Sijui alikuwa anatania. Labda ilikuwa utani wa kupatana, watu wa mjini ndivyo walivyo. Labda hakuelewa lolote katika yote yaliyotokea mbele yake. Wakati ule nilielewa tafsiri moja tu, na sikumjibu. Imeshuka hadi moja, na iko pale mlipoikuta juu.

Usiku nikawasha PS3, salio lipo, nikanunua, nikaiacha ipakue taratibu na intaneti yetu hii. Gemu yenyewe? Loh. Jiji la Tokyo watu wote wametoweka, na wewe unaanza ama kama kulungu wa Kijapani mla majani, ama kama kijibwa cha Pomeranian, kile kidogo chenye manyoya kama pamba, kinachowinda ili kiishi. Nimemfanya mbwa yule jambazi la mtaa. Nimecheka peke yangu usiku wa manane. Kwa furaha hiyo karibu nirudi kuwapa nyota ya pili, kwani bila kadi ya mzee nisingeipata. Halafu nikasikia tena "Dola ni dola, dada" kichwani, nikaghairi.

Kwa hiyo je, mnunue kwao? Bei yao, hata pamoja na ile elfu tatu, ni ndogo kuliko ya wale wa Instagram niliowauliza baadaye, na kadi za droo ni za kweli. Ila andikeni nchi, ombeni picha nzima ya vocha kabla ya kulipa, na kama mpo mjini ingizeni mkiwa pale pale kaunta. Mtu akikwambia dola ni dola, ondoka.

Mwisho wa mwezi nataka nyingine ya dola 10, kuna vitu vya ziada vya gemu hii nimeviona. Nimeshaulizia: mzee ndiye anayefungua duka asubuhi, kijana huingia saa nne. Mimi nitakuwa pale saa mbili na nusu.