Kujenga mji wa sauti unaoelea kwa Audacity: uzoefu wangu

Mji wenyewe ni wa kubuni. Ni matishari yaliyofungwa pamoja kuzunguka mnara wa kengele katikati ya maji. Hakuna saa ya mishale wala ya tarakimu, wakati husikika tu. Kinachotakiwa ni msikilizaji aliyefumba macho ajue ni saa ngapi na yuko umbali gani na mnara. Kwa kazi hiyo Audacity toleo la 3, programu ya bure ya kurekodi na kuhariri sauti, naipa nyota 4 kati ya 5. Kwenye muda haina mchezo. Inapochechemea ni kwenye mwelekeo wa sauti.

Mpangilio wa kengele nimeuazima melini: pigo 1 baada ya nusu saa ya kwanza ya zamu, kisha moja linaongezeka kila nusu saa hadi 8, zamu ya saa 4 inakwisha na hesabu inaanza upya. Zamu hubadilika saa sita, saa kumi na saa mbili, mchana na usiku. Mapigo hugongwa mawili mawili. Mimi huweka sekunde 0.8 ndani ya jozi na sekunde 2 kati ya jozi. Ukiyapanga kwa nafasi sawa, sikio halitofautishi 7 na 8 mpaka lihesabu. Kwa jozi, 7 hujulikana papo hapo kwa lile pigo linalobaki peke yake mwishoni.

Kengele usiitafute kwenye maktaba za sauti, itengeneze. Zalisha toni tano, kila moja kwenye traki yake, yaani safu yake ya sauti: Hz (mitetemo kwa sekunde) 220, 440, 528, 660 na 880. Hiyo 528 ndiyo inayoipa kengele huzuni yake. Ukiiacha unapata filimbi. Kiwango cha kila toni kiwe 0.15, kwa sababu programu huja na 0.8, na tano za namna hiyo zikijumlishwa hufika 4 wakati mwisho ni 1, basi sauti inapasuka. Toni za juu zife mapema, ya 220 idumu hadi sekunde 7. Mfifio uchore kwa mkono: ushuke ghafla mwanzoni kisha polepole. Ukitumia mfifio wa mstari ulionyooka, inasikika kama mtu anapunguza redio. Mwanzoni ongeza milisekunde 5 hivi za mvumo mweupe (ule wa redio isiyoshika stesheni), ndiyo mgongo wa nyundo.

Sasa ongeza toni ya sita ya Hz 221. Ikikutana na ile ya 220, nguvu ya mlio inapanda na kushuka mara 1 kila sekunde, yaani kengele inabeba saa yake ndani ya mwangwi wake. Kosa la kawaida hapa ni kupeleka moja sikio la kushoto na nyingine la kulia. Mawimbi hayo lazima yachanganyike kwenye mkondo mmoja, la sivyo kupanda na kushuka huko kunafifia au kunapotea.

Halafu umbali, na hapa ndipo programu hii inapostahili nyota zake. Hewani, kwenye nyuzi 20 za Selsiasi, sauti husafiri mita 343 kwa sekunde. Tishari lililo mita 100 kutoka mnarani husikia baada ya sekunde 0.292, la mita 250 baada ya 0.729, la mita 700 baada ya 2.041. Andika namba hizo kwenye kisanduku cha muda, kisha bandika kengele hapo hapo. Usijaribu kuiburuta kwa macho. Ukilichukua la mita 100 kama kipimo, punguza desibeli 8 kwa la 250 na 17 kwa la 700, na hilo la mwisho lipitishe kwenye kichujio kinachokata masafa ya juu, maana hewa huyala hayo kwanza. Wanaohesabu kwa sampuli, vile vipande vidogo vya sauti ambavyo kompyuta huhifadhi, waangalie: mita 100 ni sampuli 12,857 kwenye mradi wa sampuli 44,100 kwa sekunde, lakini namba hiyo hiyo kwenye mradi wa 48,000 inalisogeza tishari hadi mita 92.

Majini mambo yanageuka. Huko sauti hukimbia takriban mita 1,500 kwa sekunde, kwa hiyo aliye ndani ya ngama (chini kabisa tumboni) ya tishari la mita 700 hupata pigo, kupitia maji na bamba za chuma, sekunde 1.57 kabla ya aliye juu ya sitaha. Weka traki mbili, ya chini ikiwa nzito na isiyo na makali, na mji unapata ghorofa bila kuchora chochote.

Mwangwi wa ukumbi usiuguse. Juu ya maji hakuna kuta, na ukiuongeza mji unageuka bafu.

Nyota iliyopotea ni ya boti zinazopita. Kitelezi cha kushoto na kulia hakisogei chenyewe wakati sauti inacheza, na nyuma au juu ya kichwa hakuna kabisa. Dawa ni kuigawa traki kuwa mbili za mono (za mkondo mmoja), moja kila upande, kisha kuchora viwango vinavyopishana, huyu akipanda yule anashuka. Inachosha. Boti ya mita 10 kwa sekunde pia inabidi iwe juu kwa nusu ya semitoni (hatua ndogo kati ya noti mbili za kinanda) inapokuja na chini kwa nusu inapoondoka, na badiliko hilo litokee inapopita, si kabla.

Usitandaze zamu nzima kwenye mradi mmoja. Traki moja ya mono, kwa biti 32, hula kama GB 2.5 kwa saa 4. Tengeneza mzunguko mfupi wa sauti ya maji unaojirudia. Mzunguko huo uhamishe kwa WAV au FLAC, kwa kuwa MP3 huongeza ukimya mfupi mwanzoni na kiungo kinasikika kila unapojirudia.