Uchambuzi wa albamu: Jefe de Jefes ya Los Tigres del Norte

Watazamaji wapenzi, karibuni. Bidhaa iliyo mezani leo ni albamu ya diski mbili iitwayo Jefe de Jefes, yaani bosi wa mabosi, ambayo kundi la muziki wa Mexico la Los Tigres del Norte liliitoa mwaka 1997 kupitia lebo ya Fonovisa. Nakala yangu ilinifikia ikiwa na ufa kwenye kasha, kwa uzembe wa muuzaji ambaye sitamtaja, lakini diski zenyewe zilisalimika, nami nimezisikiliza kwa spika za sebuleni na kwa hedifoni kabla ya kuja mbele yenu. Tazameni jalada hili. Picha zake zilipigwa Alcatraz, lile gereza la kisiwani katika ghuba ya San Francisco, na asiyewajua wanamuziki hawa angeweza kudhani kwamba ameshika tangazo la filamu ya majambazi.

Kwanza tuondoe mkanganyiko mmoja. Wengi wetu tukisikia muziki wa Mexico, hutujia akilini wanaume wenye kofia pana, fidla na tarumbeta. Hao ni mariachi, ambao asili yao ni upande wa magharibi, hasa jimbo la Jalisco. Ipo pia banda ya Sinaloa, ambayo ni muziki wa matarumbeta na tuba, na kundi mashuhuri la Banda El Recodo limekuwa likiupiga tangu mwaka 1938. Los Tigres ni watu wa Sinaloa, lakini wao hupiga norteño, yaani muziki wa kaskazini, ambao uliota mpakani mwa Mexico na Texas katika karne ya 19, pale wahamiaji kutoka Ujerumani na nchi jirani zake walipofika na kodiani zao na mdundo wa polka.

Sikilizeni namna vyombo vinavyogawana kazi. Kodiani yao haina funguo kama za piano, bali ina safu tatu za vibonye, na kibonye kimoja hutoa sauti moja mvukuto unaposukumwa na nyingine unapovutwa. Pembeni yake lipo bajo sexto, gitaa nene la nyuzi 12 zilizopangwa jozi jozi, kisha gitaa la besi na ngoma. Tangu miaka ya 1930, mpigaji wa Texas aitwaye Narciso Martínez alipomwachia mwenzake wa bajo sexto kazi ya besi, wapigaji wa mtindo huu hutegemea zaidi mkono wa kulia, ule unaopiga melodi, ndiyo maana kodiani yao inasikika nyepesi na yenye haraka. Kwa sikio lililozoea taarab, ambamo kodiani hutambaa pamoja na fidla na kuukumbatia wimbo mzima, hapa mambo ni tofauti kabisa. Kodiani huingia mwimbaji anapomaliza ubeti, huchekacheka kwa sekunde chache, kisha hunyamaza ili maneno yapite.

Maneno hayo ndiyo bidhaa yenyewe. Nyimbo nyingi humu ni corrido, yaani simulizi za kishairi, na hapa msomaji wa Kiswahili ana faida kubwa kuliko anavyodhani. Corrido ya jadi ina mishororo minne katika ubeti na silabi nane katika kila mshororo, hesabu ileile ya mizani ya utenzi wetu, ila vina vyake hukutana kwenye mshororo wa pili na wa nne tu. Watunzi wa siku hizi huinyoosha kanuni hiyo: nimehesabu kwa vidole ubeti wa kwanza wa wimbo uliobeba jina la albamu, nikakuta silabi kumi kumi bila hitilafu. Jorge Hernández, kiongozi wa kundi na mpigaji wa kodiani, huimba kwa sauti ya puani isiyopanda wala kushuka, iwe anasimulia harusi au mauaji. Mwanzoni niliona ni ubaridi. Baadaye nilitambua kwamba ni ustaarabu wa msimulizi anayejua kuwa kisa kinajitosheleza.

Kundi lenyewe ni la ndugu wa ukoo wa Hernández na binamu yao Óscar Lara, ambao walivuka kwenda California wakiwa vijana wadogo mwishoni mwa miaka ya 1960 na kuweka makazi San José. Wenyewe husimulia kwamba hawakuwa na jina, na kwamba ofisa wa uhamiaji ndiye aliyewaita simba wadogo. Samahani, chui milia wadogo, kwani hao ndio tigres kwa Kihispania. Jina lililozaliwa kwenye dirisha la uhamiaji linafaa, kwa kuwa nyimbo bora za albamu hii zinahusu mpaka.

Chukueni El mojado acaudalado. Neno mojado maana yake ni aliyelowa, nalo ni jina la dharau wanaloitwa waliovuka mto wa mpakani bila vibali. Mhusika wa wimbo huu ametajirika na sasa anaiaga Marekani jimbo kwa jimbo, akisema kwamba kilichomlowesha ni jasho, katika mashamba ya Arizona na viwanda vya New York. Tusi limegeuzwa kuwa sifa bila hotuba wala kilio, huku polka ikiendelea kurukaruka chini yake kana kwamba watu wako harusini.

Mis dos patrias, yaani nchi zangu mbili, unafunguliwa kwa sauti ya ofisa akiwaapisha raia wapya kwa Kiingereza. Kisha anaingia mwimbaji akiwajibu wanaomwita msaliti: amechukua uraia mpya, lakini anabaki kuwa Mmexico sawa na pombe ya pulque na dungusi la nopal. Kumbukeni kwamba mwaka 1994 wapiga kura wa California walikuwa wamepitisha Pendekezo 187 la kuwanyima huduma wahamiaji wasio na vibali, na kwamba sheria ya Mexico ya kuruhusu raia wake kushika uraia wa pili bila kupoteza wa kwanza ilianza kutumika mwaka 1998, mwaka mmoja baada ya wimbo huu. Kwa Watanzania, ambao mjadala wa uraia pacha haujawatoka midomoni, ubeti ule hauhitaji mkalimani.

Sasa tufike kwenye doa, kama ni doa. Wimbo wenye jina la albamu, uliotungwa na Teodoro Bello, unaimbwa kwa nafsi ya bosi wa mabosi, mtu anayejigamba kwamba picha yake haitaonekana magazetini. Biashara yake haitajwi waziwazi, lakini wasikilizaji wa Mexico hawakuhitaji kuambiwa. Nyimbo za aina hii zimewatia matatani: mwaka 2012 mji wa Chihuahua uliwapiga marufuku kutumbuiza, baada ya kuimba jukwaani kisa cha mwanamke mlanguzi wa dawa za kulevya. Mimi sioni kwamba kumpa mhalifu nafsi ya kwanza ni kumsifu, ila nakiri kwamba majigambo haya yana utamu unaonitia wasiwasi kidogo, hasa ninapojikuta nikiyaimba jikoni.

Kasoro ninayoiona kweli ni nyingine. Diski mbili kwa mkupuo mmoja ni nyingi mno, kwa kuwa mwendo wa nyimbo haubadiliki vya kutosha, na kwa asiyejua Kihispania nyimbo kadhaa zitafanana. Ngoma pia zimerekodiwa kwa ukavu wa studio za miaka ya 1990, jambo linalosikika zaidi kwenye hedifoni kuliko kwenye spika.

Anayetaka muziki wa kucheza tu atafute banda. Anayependa visa ainunue hii, atafute tafsiri ya maneno mtandaoni, na asianze na wimbo wa kwanza. Aanze na ule wa yule aliyelowa jasho, ambao naucheza sasa hivi kwa sekunde chache. Isikilizeni kodiani pale anapomaliza kuagana na Oregon.