NeoNatalie: mdoli mzuri wa mafunzo, ila asifungiwe kabatini

NeoNatalie wa kampuni ya Laerdal ni mdoli wa kufundishia jinsi ya kumsaidia kichanga aliyezaliwa hapumui. Ukimjaza maji ya uvuguvugu, kama lita mbili, anapata uzito na ulegevu wa mtoto kweli: ukimwinua bila kushika shingo, kichwa kinaangukia nyuma. Mkufunzi hubonyeza vipira ili kitovu kiwe na mapigo, mtoto alie au apumue. Asipobonyeza kitu, mtoto yuko kimya na mkunga ana dakika moja tu.

Thamani yake iko kifuani. Kifua hakipandi mpaka kichwa kikae sawa, maski ibane na hewa itoshe. Kosa la kila mara ni maski kuvuja shavuni, kwa kuwa mkono unaoishikilia hulegea pale mwingine unapoanza kuminya ambu, yaani mfuko wa kusukuma hewa. Wengine huminya mbiombio. Lengo ni pumzi 40 kwa dakika: minya kwenye "moja", achia kwenye "mbili, tatu", ukihesabu kwa sauti.

Sasa, mdoli peke yake haokoi mtu. Pale hospitali ya Haydom, mkoani Manyara, Tanzania, baada ya mafunzo ya siku moja watumishi walifanya vizuri kwa mdoli, lakini huduma kwa watoto halisi haikubadilika. Yalipoanzishwa mazoezi ya dakika 3 hadi 5 kila wiki, na ya dakika 40 kila mwezi, humo humo kazini, vifo ndani ya saa 24 vilishuka kutoka 11.1 hadi 7.2 kwa kila watoto 1,000. Mkono husahau upesi. Unachokumbuka ni kile ulicholazimika kukitafuta tena na tena.

Kwa hiyo mweke karibu na meza ya kuhudumia vichanga, atumike na ambu ileile ya wodini. Usianze kwa maelezo. Mkabidhi mkunga mtoto "asiyepumua", kaa kimya, tazama saa. Akimaliza, rekebisha jambo moja tu, kisha arudie papo hapo. Zamu ya usiku isirukwe; ndiyo yenye watu wachache.

Hafai kufundishia kuingiza mpira wa hewa kooni. Na baada ya mazoezi mmwage maji yote, mkaushe, kisha mrudishe mezani.