Saf-instant nyekundu kwa pankeki za kulaza usiku

Kwa pankeki zinazolazwa usiku na kuliwa saa nne asubuhi, hamira hii ndiyo ya kuweka jikoni. Chenga zake ni ndogo, unazichanganya na unga moja kwa moja bila kuziumua kwanza. Pakiti ya gramu 11 inakwenda mbali: unga wa ngano gramu 250 unataka nusu kijiko cha chai tu.

Tia sukari vijiko 2 vya chakula, chumvi kidogo, siagi iliyoyeyushwa gramu 60 na maziwa ya vuguvugu mililita 350. Maziwa yanayounguza kidole huua hamira. Acha bakuli nje nusu saa, kisha lipeleke kwenye friji. Hapa ndipo wengi wanapoharibu: kwa joto la Pwani, rojo likilala nje huumuka, hushuka na kuchacha vibaya. Chagua bakuli kubwa, maana litafurika. Asubuhi tia mayai 2 yaliyopigwa, kaanga kwa moto mdogo, geuza juu ikishajaa matundu.

Shira: sukari ya kahawia kikombe 1, maji nusu kikombe, chemsha dakika 5. Epua kwanza, ndipo utie ramu nyeusi vijiko 3 vya chakula. Ukiimimina jikoni moto ukiwaka, mvuke wake unaweza kushika moto. Ya watoto itengwe kabla ya ramu.

Kasoro ya hamira hii ni moja: pakiti ikishafunguliwa huvuta unyevu haraka. Ihamishie kwenye kichupa chenye kifuniko cha kubana, ndani ya friji. Kwa maandazi yenye sukari nyingi, nunua Saf-instant ya dhahabu.