The Turin Horse: Béla Tarr na mlo wa viazi

Kazi yangu ni kupiga na kuhariri video za harusi. Wateja wangu wakiona picha imetulia kidogo tu wanauliza kama mashine imeganda. Niliposikia Mhungari Béla Tarr ametoa filamu ya karibu dakika 146 yenye shoti 30 tu, yaani vipande 30 visivyokatwa, nikaitafuta nione fundi mwenzangu kafanyaje.

Ni ya mwaka 2011, nyeusi na nyeupe, na ilipata tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin. Baba, binti yake na farasi wanaishi kwenye nyumba ya mawe bondeni, upepo unavuma siku sita mfululizo. Farasi anagoma kuvuta mkokoteni, halafu anagoma kula. Hadithi ndiyo hiyo.

Lakini tazama wanavyokula. Kila siku ni kiazi kimoja cha kuchemsha kwa kila mtu, na chumvi. Baba mkono wa kulia umepooza, hivyo anakimenya kwa kucha za mkono wa kushoto kikiwa bado kinafuka moshi, anaungua, anapuliza, anabugia, kisha anaacha mabaki na kwenda kukaa dirishani. Siku ya pili kamera imehamia kwa binti, naye anakula polepole, vipande vidogo vidogo. Baadaye tunawaona wote wawili kutoka ubavuni. Meza ileile, chakula kilekile, engo tofauti, na tayari unawajua watu hawa bila kuambiwa lolote kuhusu maisha yao.

Mpiga picha, Fred Kelemen, anamfuata binti kutoka gizani ndani hadi kisimani na ndoo zake, nywele na shuka vikipeperuka, kisha anarudi naye, bila kukata. Aliyewahi kutoka ukumbini mchana na kamera begani anajua mwanga unavyomkimbia mtu pale mlangoni. Hapa sikuona hata kuyumba. Nilirudia kipande hicho kama mwanafunzi.

Kasoro? Jirani anakuja kuomba pálinka, ile pombe kali ya matunda, na kumwaga hotuba ndefu kuhusu dunia kuharibika. Upepo ulikuwa umeshasema yote hayo. Muziki wa Mihály Víg nao ni mzuri, ila unazunguka palepale hadi unachosha, ingawa nadhani ndivyo walivyotaka.

Usiitazame kwenye simu. Giza la mle ndani litakuwa doa tu. Wala usianze na filamu yake nyingine, Sátántangó (1994), urefu wake unapita saa saba. Anza na Werckmeister Harmonies (2000), nayo ni yake: mwanzoni kabisa kijana anawapanga walevi wa baa, huyu jua, huyu dunia, huyu mwezi, awaonyeshe kupatwa kwa jua, na kamera inazunguka nao. Ikikushinda hiyo, hii ya farasi iache kabisa.