Moshi: fundi wa kuhamisha kanda za VHS kwenda flashi, na Imogene Coca aliyekuwa kafungiwa humo

Kwa walioko Moshi wenye kanda za VHS zinaozea stoo, kuna fundi ana kibanda upande wa Mbuyuni, anahamisha kanda kwenda flashi na kazi yake ni safi. Nampa nyota nne kati ya tano, na hiyo moja nitasema kwa nini nimeibana.

Nilimpelekea kanda za mama, aliachiwa na mwalimu wa Kimarekani waliyekuwa wanafundisha wote zamani. Sasa kanda za Marekani zimerekodiwa kwa mfumo wa picha wa NTSC, ule wa mistari 525, na sisi huku mfumo wetu ni PAL, mistari 625, kwa hiyo ukiweka kwenye deki ya kawaida picha inaruka tu, inapanda inashuka. Mafundi wengine waliniambia kanda imekufa, tupa. Huyu kijana kusikia tu Marekani akavuta deki nyingine chini ya meza, inayosoma mifumo yote, ila kabla hajaweka kitu akainua mdomo wa kanda akamulika na tochi ya simu kuangalia kama kuna ukungu, akasafisha hedi ya deki, ile inayosoma kanda, kwa spiriti taratibu, ndo akachezesha. Picha ikatulia.

Na humo ndo yupo Imogene Coca, mchekeshaji wa Kimarekani. Aisee huyu mama huku hatumjui kabisa! Labda walioangalia filamu ya National Lampoon's Vacation ya 1983, yeye ndo yule shangazi Edna, lakini hapo umri ulishaenda, kazi yake yenyewe ni ya 1950 hadi 1954 kwenye Your Show of Shows, kipindi cha televisheni ya NBC ya Marekani, dakika 90 kila Jumamosi usiku, laivu, muziki na dansi na vichekesho, hakuna kurudia. Alikuwa anaigiza na Sid Caesar, Carl Reiner na Howard Morris, na kwenye waandishi walikuwepo kina Mel Brooks na Neil Simon. Majina ya wanaume hao yakawa makubwa mpaka leo, la kwake likabaki nyuma, na hilo linaniuma kwa sababu ukimwangalia huoni alichopungukiwa.

Kuna kipande yeye na Caesar, Reiner na Morris wamekuwa vinyago vya saa kubwa ya mnarani, saa ikigonga wanatoka wanafanya kazi yao kimashine, halafu mtambo unaharibika mpangilio wote unavurugika, nyundo na maji vinaenda kusikotakiwa. Yeye mwili mzima kaufanya chuma, yale macho yake makubwa yametulia tuli, na bado unaona kinyago kimeshtuka. Sijui anafanyaje! Ila amekulia jukwaani, alizaliwa Philadelphia 1908, baba kiongozi wa okestra, mama mcheza dansi na msaidizi wa mwanamazingaombwe, na yeye akaanza kupanda jukwaani bado mtoto. Mwaka 1934 kwenye mazoezi ya onyesho la New York ukumbi ulikuwa wa baridi, akaazima koti linalompwaya, akawa anachezacheza nalo, mwenye onyesho akaona akaliingiza hivyohivyo kwenye programu. Vichekesho vyake vikaanzia hapo. Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, alishinda, ila kipindi chake mwenyewe kilikatwa 1955, na kipindi kingine, Grindl cha 1963, anaigiza dada wa kazi, nacho kikaenda msimu mmoja tu. Amefariki 2001.

Sasa nyota niliyobana. Faili la kwanza jamaa alilivuta lijaze skrini ya tivii za siku hizi, na picha ya zamani ni ya karibu mraba, kwa hiyo Coca ambaye ni mdogo wa umbo akatoka bapa, sura imepanuka. Kwa mtu anayechekesha kwa uso na shingo hiyo ni kumuua kabisa. Nikamrudishia, akarudia bila kuongeza hela wala kununa, safari hii kaacha sehemu nyeusi pembeni mwa picha kama inavyotakiwa. Kijivujivu kilichobaki sio kosa lake, vipindi vya miaka ile vilikuwa vinarekodiwa kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye skrini.

Bei ni elfu nane kwa kanda, flashi unakuja nayo. Mwambie mapema asivute picha, na kama kanda ni ya Marekani mtajie kabisa kabla hajaiweka kwenye deki.