Othello ya 1922: leso moja ikavunja nyumba

Kama unapenda visa vya wivu, itafute hii. Ni filamu bubu ya Kijerumani iliyoongozwa na Dimitri Buchowetzki, na kisa ni kile cha Shakespeare: jemadari Othello kamuoa Desdemona bila ridhaa ya baba mtu, na Iago, aliyechukia kuona cheo anapewa Cassio, anaapa kuwaharibia. Inapatikana bure mtandaoni. Mimi nimeitazama nyumbani Chikongola, Mtwara, na mama mdogo, nikimsomea maandishi kwa Kiswahili.

Kilichotukamata ni leso. Inamponyoka Desdemona, Emilia, mke wa Iago, anaiokota, Iago anahakikisha inafika kwa Cassio. Kitambaa tu! Lakini jemadari mzima, aliyeshinda vita, anakifanya ushahidi kwamba mkewe kamsaliti, wala hawakalishi wote pamoja akasikia. Anaona aibu kuuliza mbele za watu, haoni aibu kuua.

Mama mdogo akauliza, "Huyu binti wajomba zake wako wapi?" Lilikuwa swali lenyewe hasa. Kwetu Wamakonde, ndoa ikiingia maneno mjomba anaitwa, watu wanakaa mkekani, kila mtu anasema lake. Desdemona kaachwa na fitina peke yake. Baba kasusa, na Emilia anayejua leso ilikopita kafunga mdomo. Hapo mama mdogo alimkaripia kwa sauti, "Sema we mwanamke!"

Iago ni Werner Krauss, kavaa nguo nyeusi za kubana, ananyemelea kama paka aliyenusa samaki. Sijaona mfitini aliyeigizwa vizuri kuliko huyu, na hatusikii hata neno lake moja.

Othello ni Emil Jannings, ambaye baadaye alipata Oscar ya kwanza kabisa ya mwigizaji bora wa kiume, na anaumia mpaka unamhurumia. Ila ni mzungu kapakwa rangi aonekane Mwafrika, na hilo linachoma. Tena wamemtungia ukoo: eti ni mtoto wa mwanamfalme wa Misri na binti mfalme wa Uhispania, kana kwamba Mwafrika mtupu hastahili kupendwa na binti wa Venice kule Italia, kama Desdemona. Hapo wameniudhi kabisa.

Nakala nyingine zimefifia, kwa hiyo kagua kabla hujamaliza bando. Itazame kwenye kioo kikubwa, maana kwenye simu macho ya Krauss hutayaona, na filamu yote iko kwenye macho yale. Wenye wachumba, itazameni wote wawili.